Maswali Yenu: Kipa Huzeeka Miguuni Kwanza

Barua nyingi tulizopokea mwezi huu zilitoka kwa makipa wa Nairobi na wazazi wao, kwa hiyo toleo hili tumewaachia wao. Waliojibu ni makocha wa makipa. Wamejibu kwa pamoja, na pale walipotofautiana tumesema wazi.

Nina miaka 34 na nadakia timu ya daraja la chini. Siku hizi nikijirusha mara kumi tu mazoezini, magoti yanauma hadi kesho yake. Wenzangu wananiambia nitundike glavu. Mbona kuna makipa wanafika miaka 40 na zaidi? Wanafanyaje? – Kipa, Kayole

Usitundike, ndugu. Miaka 34 kwa winga ni magharibi, lakini kwa kipa ni alasiri tu. Dino Zoff alikuwa na miaka 40 alipolinyanyua Kombe la Dunia la 1982 akiwa nahodha wa Italia. Peter Shilton alidakia Uingereza katika Kombe la Dunia la 1990 akiwa na umri huo huo, akaaga timu ya taifa na mechi 125. Essam El-Hadary wa Misri aliwapita wote: tarehe 25 Juni 2018, dhidi ya Saudi Arabia, aliingia uwanjani akiwa na miaka 45 na siku 161, na akapangua penalti siku hiyo.

Sababu ya kwanza ni hesabu ya kilomita. Kiungo hukimbia kilomita 10 hadi 12 kwa mechi. Kipa hupata 5 au 6, na nyingi ni za kutembea. Lakini kipa ana deni lingine, la kuruka, kuanguka na kuamka. Kila anapoanguka, goti, nyonga na bega hulipa kitu. Kwa hiyo anayetaka kudumu hupunguza mianguko isiyo ya lazima, na njia ya kuipunguza ni kusimama mahali panapofaa kabla mpira haujapigwa. Kipa aliyepotea njia huruka kuokoa mpira ambao mwenzake angeudaka akiwa amesimama. Mashabiki humpigia makofi yule aliyeruka. Magoti yake hayampigii.

Tufanye hesabu. Goli lina upana wa mita 7.32. Mpira ukiwa mita 16 mbele yako, katikati, nawe umesimama kwenye mstari, kila upande una mita 3.66 za kulinda. Songa mbele mita 4 ukifuata mstari unaotoka kwenye mpira hadi katikati ya goli. Sasa kila upande umebaki na mita 2.75. Umeokoa karibu mita moja kila upande kwa kutembea tu. Mita hiyo ndiyo iliyokuwa ikimaliza goti lako.

Zoezi lake halihitaji pesa nyingi. Nunua kamba mbili za nailoni, zile za kuanikia nguo, kila moja mita 25. Funga moja chini ya mlingoti wa kushoto na nyingine chini ya mlingoti wa kulia. Mwenzako azishike ncha zote mbili pamoja, azivute zikaze, na aweke mpira mguuni pake. Wewe simama katikati ya kamba. Kama mkono wa kushoto unaikaribia kamba kuliko wa kulia, umesimama vibaya. Mwenzako ahame hatua tano, nawe uhame, kisha mtazame kamba tena. Fanyeni mahali kumi tofauti kuzunguka boksi, mara mbili kwa wiki, kwa muda wa mwezi. Wengi hugundua kosa lile lile: mpira ukiwa pembeni, wao husimama karibu mno na mlingoti wa karibu, na mlingoti wa mbali unabaki wazi kama lango la shamba. Baada ya wiki tatu ondoa kamba, usimame kwanza, halafu mwenzako azikaze ndipo mpime. Hapo utajua kama macho yamejifunza.

Usisonge mbele kupita kiasi. Mpigaji akiwa ameinua kichwa na mpira uko huru mbele yake, mita nne au tano zinatosha. Ukizidi hapo atakuinulia mpira wa juu ukuangukie nyuma. Akiwa ameinamia mpira, macho chini, ndipo unapoiba hatua mbili.

La pili ni kutulia. Shuti linapopigwa, miguu yako iwe imesimama, imeachana kadiri ya mabega, visigino vimeinuka kidogo tu, viganja vikiwa usawa wa kiuno na vimeutazama mpira. Makipa wakubwa kiumri wana tabia ya kurukaruka kabla ya shuti ili kujipa nguvu. Mpira unapigwa wao wakiwa hewani, na mtu aliye hewani hawezi kusukuma ardhi. Anachelewa, kisha anajirusha kwa nguvu zaidi kufidia. Hapo ndipo kinena huchanika.

La tatu ni kushika badala ya kutema. Dakika za mwisho za mechi ya Italia na Brazil mwaka 1982, Italia ikiongoza 3-2 na sare ikitosha kuitoa, Zoff aliugandamiza mpira wa kichwa wa Oscar kwenye mstari wa goli na hakuuachia. Mpira unaotemwa hukulazimisha kuanguka mara ya pili ndani ya sekunde moja, na mwanguko huo wa pili, mwili ukiwa haujajipanga, ndio mbaya kuliko wote.

Sasa wiki yako, kama mechi ni Jumapili na una kibarua mchana. Jumatatu tembea nusu saa, basi. Jumanne ni nguvu: kuchuchumaa kwa mguu mmoja ukishika ukuta, mara 8 kwa kila mguu, seti 3, kupiga magoti mwenzako akikushika vifundo vya miguu huku ukijiinamisha mbele polepole, mara 5, seti 3, kulala ubavu na kujiinua kwa mkono wa chini, sekunde 30 kila upande, seti 3, na kuvuta kamba ya mpira inayonyumbuka kwa ajili ya mabega, mara 15, seti 3. Jumatano ndiyo siku ya kuanguka: mianguko 40 hadi 50 na usizidi, mipumziko mirefu katikati. Alhamisi krosi na kucheza kwa miguu. Ijumaa pumzika. Jumamosi dakika 30 nyepesi, mipira kama 20 ya kushika, nenda nyumbani. Ukilinganisha na ulivyokuwa na miaka 22, idadi imeshuka ila kasi haikushuka. Wengi hufanya kinyume: wanabaki na idadi ile ile lakini kila kitu kinafanywa polepole, na mwili unasahau kasi.

Jambo moja la kukataza kabisa: usimeze dawa ya maumivu kabla ya mechi ili goti linyamaze. Na likivimba, likikwama au likikosa nguvu ghafla unaposhuka ngazi, hilo si la mazoezi, ni la daktari.

Mwanangu ana miaka 11 na ameshikilia kuwa kipa. Uwanja wanaochezea ni changarawe tupu. Kila jioni anarudi nyonga na viwiko vimechunika. Nimkataze? Na glavu za saizi gani nimnunulie? – Mama, Umoja

Usimkataze, mama, lakini asiwe kipa peke yake. Hapa waliotujibu walitofautiana: mmoja anasema abadilishane nafasi hadi afike miaka 12, mwingine anasema hadi 14. Wote wanakubaliana kwamba mtoto aliyecheza kama beki na kiungo hujua mpira unatokea wapi, na miguu yake huzoea mpira. Kipa wa leo hupokea pasi nyingi kwa mguu. Tangu sheria ya 1992, mpira ambao mwenzake amempasia makusudi kwa mguu haruhusiwi kuudaka.

Kuchunika kunatokana na namna anavyoanguka kuliko uwanja wenyewe. Mtoto ambaye hajafundishwa hutanguliza kiwiko au kiganja, na hapo huvunjika kifundo cha mkono au mtulinga. Wengine huanguka kifudifudi, tumbo likapiga chini. Mwili unatakiwa uguse ardhi kwa mfululizo upande mmoja: ubavu wa mguu wa chini, paja, nyonga, mbavu, mwisho bega. Mikono yote miwili iko mbele na mpira, mkono mmoja nyuma ya mpira, mwingine juu yake, na mpira ndio unaotangulia kugusa chini kama mto.

Afundishwe kwa ngazi. Wiki ya kwanza akiwa ameketi, mpira unarushwa kwa mkono pembeni yake, anauangukia. Wiki ya pili akiwa amepiga magoti. Ya tatu akiwa amechuchumaa. Ya nne amesimama, naye anapiga hatua moja kwenda mbele na pembeni kabla ya kuanguka, kwa mguu ulio upande wa mpira. Mianguko 15 hadi 20 kila upande inatosha kwa siku. Yote hayo yafanyike kwenye nyasi, godoro kuukuu au lundo la vumbi la mbao kutoka kwa fundi seremala. Changarawe ije mwisho kabisa, na wakati huo awe amevaa suruali ndefu ya mazoezi iliyoshonewa sponji ya sentimita moja nyongani na magotini. Fundi wa cherehani yeyote mtaani anaiweza.

Michubuko ioshwe kwa maji safi na sabuni siku hiyo hiyo. Udongo wa viwanjani si wa kuchezea. Hakikisha chanjo yake ya pepopunda haijapitwa.

Na tafadhali tazama goli lenyewe. Magoli ya chuma yanayohamishika, yasiyofungwa chini, huanguka mtoto akining'inia kwenye mtambaa wa panya, na yameua watoto katika nchi nyingi. Yawekewe vigingi au mifuko ya mchanga nyuma, kila upande. Kama timu haiwezi kufanya hivyo, milingoti ya mbao iliyochimbiwa ardhini ni bora zaidi.

Glavu: zungusha futi ya cherehani kwenye kiganja chini kidogo ya vifundo vya vidole, bila kidole gumba. Soma kwa inchi, panda hadi namba kamili inayofuata, kisha ongeza moja. Ukipata 5.4, panda hadi 6, nunua 7. Usimnunulie kubwa "akue nayo". Nafasi ikizidi sentimita moja mbele ya vidole, mpira hugonga kitambaa kitupu na kuteleza. Kwenye changarawe chagua zenye mpira mgumu kiganjani. Zile laini zinazonata vizuri zitakwisha kwa wiki mbili. Mpira wa mazoezi wa umri wake ni saizi 4, usikubali apigiwe saizi 5 ya watu wazima.

Glavu zangu zinachanika ndani ya mwezi mmoja. Ninakosea wapi? – Kipa, Kariobangi

Huenda unakosea mara tatu. Glavu mpya zina dawa ya kuhifadhia. Zioshe kwa maji ya vuguvugu kabla ya kuzivaa mara ya kwanza, la sivyo hazinati. Pili, kuzicheza zikiwa kavu. Lowesha viganja kidogo kwa maji kabla ya mechi na wakati wa mapumziko, kwa kuwa lateksi kavu huchanika haraka na haishiki. Tatu, kuzianika juani. Jua la saa saba huifanya lateksi ipasuke kama tope la bwawa lililokauka. Zioshe kwa mkono, sabuni kidogo isiyo kali, zikamue kwa kuzigandamiza bila kuzisokota, uzining'inize kivulini. Zisibaki zimekunjwa kwenye begi na viatu vyenye matope usiku kucha, na ukinunua za mitumba Gikomba, bana kiganja kwa vidole kwanza: kikitoa ungaunga, zirudishe.

Uwe na jozi mbili: kuukuu ya mazoezi, nzuri ya mechi. Na unapoamka chini, amka kwa ngumi au kwa kusukuma mpira, usijisukume kwa kiganja kilichofunguka. Hilo peke yake huongeza wiki kadhaa.

Nilihamia Nairobi kutoka Mombasa mwaka huu. Kule krosi zilikuwa chakula changu. Huku naruka, mpira unanipita juu ya vidole. Nimeishiwa? – Kipa, South B

Hujaishiwa. Umepanda. Nairobi iko karibu mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, na hewa hapa ni nyepesi kuliko ya Pwani kwa takriban asilimia 15. Mpira hauzuiwi sana na hewa: hufika haraka zaidi, huenda mbali zaidi, na haujipindi kama ulivyozoea. Krosi ambayo Mombasa ingeshuka kwenye nukta ya penalti, hapa inaendelea hadi mlingoti wa mbali. Wewe bado unaanza kwenda kwa saa ya Pwani.

Rekebisha mambo mawili. Mahali pa kuanzia: mpira ukiwa kwenye winga, simama katikati ya goli au nusu hatua kuelekea mlingoti wa mbali, mita mbili hadi tatu kutoka kwenye mstari, kifua kikiwa wazi kuelekea uwanja. Kurudi nyuma ni kugumu kuliko kwenda mbele, kwa hiyo anza nyuma. Kisha subiri. Wengi wanaopitwa hukimbia mara tu mguu unapogusa mpira, kabla hawajasoma njia yake. Hesabu "moja" kichwani, ndipo uende, na ukienda nenda kwa kasi yote. Ruka kwa mguu mmoja, goti lile lingine liinuke upande wa washambuliaji likulinde, mikono ikutane na mpira juu kabisa, mbele ya paji la uso. Piga kelele "Kipa!" mapema, kabla hujaruka, ili beki wako akupishe. Kama hamna nafasi ya kushika, piga kwa ngumi mbili zilizounganishwa, chini ya nusu ya mpira, uende juu na pembeni mwa boksi. Ngumi moja ni ya dharura tu.

Pima pia mpira wenyewe. Mpira uliojazwa Mombasa ukaletwa Nairobi huwa mgumu zaidi, kwa kuwa hewa ya nje imepungua na ile ya ndani imebaki vile vile. Sheria inaruhusu shinikizo la angahewa (atm) 0.6 hadi 1.1, na mpira uliokuwa 0.9 Pwani utasoma karibu 1.1 hapa. Mwombe kocha wako geji. Siku kumi za krosi, 30 kila siku kutoka pande zote mbili, na macho yako yatakuwa yamezoea.

Kidole cha pete kiliteguka, jamaa akakivuta pale pale uwanjani kikarudi. Naweza kudaka Jumamosi? – Kipa, Kibra

Jumamosi hapana, na huyo jamaa asirudie. Kidole kilichoteguka mara nyingi huwa na ufa au kipande cha mfupa kilichong'oka. Kukivuta bila picha kunaweza kukikaza kipande hicho ndani ya kiungo. Nenda ukapigwe eksirei. Barafu iliyofungwa kwa kitambaa, dakika 15 hadi 20, mara kadhaa kwa siku, mkono ukiwa juu ya usawa wa moyo.

Daktari akikuruhusu kurudi, funga kidole hicho na jirani yake kwa plasta ya michezo, juu na chini ya kiungo, kiungo chenyewe kikiwa wazi ili kikunjike. Kama ncha ya kidole inaning'inia na huwezi kuinyosha mwenyewe, kano imekatika: hufungwa kwenye kibanzi, imenyooka, kwa wiki 6 hadi 8 mfululizo, na ukiikunja hata mara moja unaanza kuhesabu upya. Makipa wengi wazee unaowaona na vidole vilivyopinda hawakuifanya kazi hiyo ndogo.

Vua pete kabla ya kudaka. Inanasa kwenye ndoano za nyavu.

Refa alitupigia kona eti kipa wetu amekaa na mpira. Sheria hiyo imetoka wapi? – Shabiki, Rongai

Refa hakukosea. Sheria ya zamani ilikuwa sekunde 6 na adhabu ya friikiki ya ndani ya boksi, na ilikuwa haipigwi. Kuanzia Julai 2025 kipa ana sekunde 8 tangu aushike mpira barabara, na akizidisha wapinzani wanapewa kona. Refa huinua mkono na kuzihesabu kwa vidole zile 5 za mwisho, kwa hiyo kipa asimtazame mfungaji wake, amtazame refa.

Kwenye penalti, naruhusiwa kusogea mbele kiasi gani? – Kipa, Dandora

Huruhusiwi kusogea mbele kwa miguu yote miwili. Wakati mguu wa mpigaji unagusa mpira, sehemu ya mguu wako mmoja lazima iwe juu ya mstari, usawa wake hewani, au nyuma yake. Ukipangua ukiwa umevunja sheria, penalti hurudiwa na unaonywa; ukirudia, kadi ya njano. Kucheza kushoto na kulia juu ya mstari ni halali, ila usiguse milingoti wala nyavu.

Shuti kali kutoka mita 11 hufika kwa takriban nusu sekunde au chini yake. Huwezi kusubiri uone yote. Tazama nyonga ya mpigaji na mguu wake wa kuegemea: ncha ya kiatu hicho mara nyingi huelekea mpira unakokwenda. Subiri hadi mguu huo utue, kisha ondoka ukielekea pembeni na mbele kidogo. Wanaomkumbuka Mahmoud Abbas, "Kenya One", aliyekuwa golini Harambee Stars ilipotwaa Kombe la CECAFA mara tatu mfululizo, 1981 hadi 1983, wanajua penalti zinaweza kumpa kipa jina la maisha. Zifanyieni mazoezi mwishoni mwa kipindi mkiwa mmechoka, kwa sababu ndivyo zinavyokuja.

Nina miaka 31, ni kipa wa akiba katika ligi. Nataka kuwa kocha wa makipa. Nianze lini, na je, ninaweza kufika kuwa kocha mkuu? – Kipa, Mathare

Anza wiki hii. Kipa wa akiba ana bahati ambayo hajui: anaziona mechi zote bila jasho machoni. Nunua daftari. Kila goli timu yako inapofungwa, andika mambo manne: mpira ulikuwa wapi, miguu ya kipa ilikuwa wapi, aliamua nini, na nani alikuwa mbele yake. Baada ya magoli 20 utaona kosa moja linajirudia, na hapo umeshaanza kufundisha.

Chukua watoto wa chini ya miaka 13 mtaani kwako mara mbili kwa wiki. Mathare haina uhaba wa timu. MYSA, chama cha michezo cha vijana wa Mathare, imekuwa ikilea watoto hapo tangu 1987. Halafu leseni. Ngazi ya kuanzia ni D ya CAF, shirikisho la soka la Afrika, ambayo hapa kwetu hupitia kwa FKF, shirikisho la soka la Kenya; juu yake ni C, B na A. Usikimbilie juu kabla hujafundisha kwa vitendo, maana kozi zinakuuliza ulichofanya uwanjani. Ongeza kozi ya huduma ya kwanza.

Sasa kazi yenyewe. Watu hudhani kocha wa makipa ni mtu wa kupiga mashuti. Kazi yake ni kupiga mpira ule ule, mahali pale pale, mara mia. Jipime: ukiwa mita 14, piga mipira 20 kuelekea mikononi mwa kipa aliyesimama. Kama chini ya 15 imefika bila yeye kusogea, fanya mazoezi ya miguu yako kwanza. Kocha asiyelenga humchosha kipa kwa mipira isiyo na somo. Jifunze miguu yote miwili, na nusu ya mipira uirushe kwa mkono. Makocha wanaopiga mguu mmoja kila siku huishia na kinena kibovu kabla ya miaka 45, na kipa akipona kocha anachechemea.

Kila zoezi liwe na marudio 6 hadi 8, kisha pumziko la sekunde 60 hadi 90. Ile desturi ya kumwangusha kipa mara 30 mfululizo hadi atapike haimjengi. Akichoka anaanza kuanguka vibaya, na mwili unakariri ubaya ule. Baada ya goli usianze kwa kufoka. Muulize, "Uliona nini?" Mara nyingi atakwambia hakuuona mpira kwa sababu ya beki wake, na kosa litakuwa la ukuta wala si lake.

Kocha mkuu? Inawezekana. Zoff aliifikisha Italia fainali ya Euro 2000. Julen Lopetegui na Nuno Espírito Santo walikuwa makipa. Juma Kaseja wa Tanzania, aliyekuwa golini Simba ilipoing'oa Zamalek katika Ligi ya Mabingwa Afrika mwaka 2003, naye aliingia ukocha. Wapo pia waliochagua kubaki na makipa: Thomas N'Kono wa Kamerun alifanya kazi hiyo kwa miaka mingi Espanyol, na hakuna aliyemwona mdogo. Ukitaka ukocha mkuu, pengo lako litakuwa kushambulia. Kipa huuona uwanja wote kutoka nyuma, lakini hajawahi kupokea mpira akiwa amelipa goli mgongo. Kaa na kocha wa washambuliaji msimu mmoja, na uongoze timu ya vijana mwenyewe.

Mtihani wako wa kwanza utakuwa kupasha misuli kabla ya mechi, kwa hiyo uuandae sasa. Dakika 30. Tano za kukimbia taratibu na kunyoosha viungo kwa mwendo. Tano za kushika mipira ya mkono: kifuani, juu, chini. Tano za pasi kwa miguu yote miwili, kwa sababu mpira wa kwanza wa mechi huenda ukawa pasi ya nyuma. Sita za mashuti kutoka mita 14 hadi 16, usilenge pembe za juu, usishindane naye. Kocha anayetaka kumfunga kipa wake nusu saa kabla ya mechi amesahau kilichomleta. Tano za krosi, kipa wa akiba akiwa mshambuliaji wa kumsumbua kidogo. Zinazobaki ni zake: aguse milingoti, atazame jua liko upande gani, akague mashimo kwenye eneo la mita 5.5 na ajue mpira utadundaje hapo. Kisha mpira mmoja wa mwisho, taratibu, kutoka mita kumi, moja kwa moja kifuani. Akiukumbatia, mpokonye na umwache aondoke akiwa bado anauhisi mikononi.